Unga Chini ya Kitambaa

Siku Mwalimu alipokwenda kuchukua jibu la daktari, mumewe alibaki nyumbani kukanda mkate. Msimwone mtu wa ajabu. Alitaka kwenda, tena alishavaa mpaka viatu, ila mkewe alimtazama kwa yale macho aliyowatazamia watoto wa darasa la kwanza kwa miaka yake yote ya kazi, akamwambia avivue. Mara ya mwisho walikwenda wote wawili. Muuguzi alipochomoa sindano ya kutoa damu, damu ya Mwalimu, si ya kwake, mzee aliyumba, akatafuta ukuta, akaukosa, akaenda chini kama gunia. Wauguzi walimwacha mgonjwa wakakimbilia kumpepea msindikizaji. Mwalimu alikaa pale kwenye kiti na mkono wake umenyooshwa, akingoja mumewe anyweshwe maji ya sukari.

"Wewe baki ukande," alimwambia asubuhi hiyo akijifunga mtandio. "Nikirudi nikute mkate."

"Na wakikwambia..."

"Wakiniambia, nitakuja kukwambia. Nitamwambia nani mwingine?"

Jibu lenyewe lilihusu uvimbe. Ulikuwa mdogo, chini ya kwapa la kushoto, na Mwalimu aliugundua mwenyewe akioga. Hospitali walikata kipande wakapeleka kupimwa, wakasema arudi. Tangu hapo mumewe hali vizuri, halali vizuri, na kila akimwona mkewe ameinua mkono kufikia kabati la juu, anageuka kuangalia pembeni.

Mtaani walimwita Radi, na hakuna aliyeuliza kwa nini. Alikuwa fundi bati. Tangu ujana alikuwa akigonga mabati: ndoo, makarai, mifereji ya mvua, masanduku ya wanafunzi. Nyundo ilishamla sikio la kulia likafa kabisa, na la kushoto lilikuwa linajikongoja tu. Kwa hiyo alizungumza kama mtu anayemwita mwenzake ng'ambo ya mto. Akikusalimu asubuhi unaamka wewe, anaamka na jirani yako. Sasa fikirieni mtu wa namna hiyo kuoa mwalimu wa darasa la kwanza, mwanamke ambaye hakuwahi kupaza sauti, kwa sababu aligundua mapema kwamba watoto hunyamaza ili wamsikie anayenong'ona.

Lakini kwenye mkate, Radi alikuwa mtu mwingine. Alioka wa unga wa atta tu, ule wa ngano iliyosagwa pamoja na ganda lake. Mkate mweupe wa dukani aliuita pamba. Unga wa atta haupendi papara, na yeye, aliyekuwa na papara kwa kila kitu, mbele ya unga huo alitulia. Aliulowanisha kwanza na maji ya vuguvugu akauacha, ili pumba zinywe maji na kulainika, maana pumba kavu ni kama vijiwembe, zinaukata unga kwa ndani usiumuke. Kisha ndipo hamira, asali, chumvi, mafuta kidogo. Kisha kukanda, kwa ile mikono iliyokunja mabati, mpaka unga uache kung'ang'ania vidole na kuwa laini kama shavu. Bati za kuokea alizitengeneza mwenyewe. Joko la uani nalo alilitengeneza mwenyewe kwa pipa, na mlango wake ulifungika vizuri kuliko mlango wa nyumba.

Nyumba ile ilikuwa na sheria moja. Ilianza walipokuwa wapya katika ndoa, enzi walizokuwa wakigombana mpaka wapita njia wanasimama. Siku moja, katika ugomvi ambao hakuna anayekumbuka ulihusu nini, Radi alitoka akaubamiza mlango. Aliporudi, unga aliokuwa ameuacha umepanda vizuri ulikuwa umeshuka, umekaa chini ya bakuli na mikunjo usoni. "Umeutisha," Mwalimu alimwambia. Alikuwa anatania. Radi hakuona utani. Aliuangalia ule unga kwa huruma ya kweli, na kuanzia siku hiyo ikawa sheria: unga ukiwa chini ya kitambaa, katika nyumba hii watu hunong'ona. Hakuna kugombana, hakuna kubamiza mlango, na habari mbaya haziingii. Habari njema ruhusa, mradi zisemwe polepole.

Wakaishi nayo hivyo. Kuna mwaka shemeji mtu alikuja mbio kuleta habari kwamba upepo umeng'oa paa la karakana ya Radi, paa la fundi bati, jamani. Alikuta bakuli limefunikwa. Mwalimu akajiwekea kidole mdomoni, akamkaribisha chai. Shemeji alikunywa chai, akaongezewa, akajibu kwamba nyumbani wote wazima, akatoa macho kwenye kile kitambaa kama mtu anayengoja basi. Mkate ulipoingia jokoni ndipo akaruhusiwa kupiga kelele.

Tena, kwa kuwa Radi alikuwa na nusu ya sikio, mtu akitaka kumnong'oneza ilibidi asogee kabisa, midomo iguse sikio la kushoto. Mwalimu alisogea. Miaka yote hiyo, saa za unga zilikuwa saa za kukaa bega kwa bega, pumzi ya mmoja shingoni mwa mwenzake. Watani wa mtaani walisema watoto wote wa nyumba ile ni watoto wa mkate, na wenye nyumba hawakuwahi kukanusha, hata watoto walipokua wakahamia mbali.

Basi asubuhi hiyo ya jibu alikuwa katikati ya kukanda. Unga haukuwa tayari, bado ulikuwa unamshika vidole. Hakusikia geti, masikio yale yangesikia nini, lakini alilihisi likifunguka, kwani alilichomelea mwenyewe na mtikisiko wake aliujua kwenye nyayo. Akafanya jambo ambalo hajawahi kulifanya. Akaudumbukiza unga ndani ya bakuli ukiwa umekandwa nusu, akakikwapua kitambaa chake kwenye msumari, akaufunika, akasimama mbele yake na mikono imejaa unga mbichi.

Mwalimu aliingia jikoni. Akafungua mdomo. Akaona kitambaa, akaufunga.

Radi alingoja. Habari njema ni ruhusa, alijiambia, sasa hivi atasogea, atainama kwenye sikio langu, aseme si kitu, ni mafuta tu yamejikusanya. Mwalimu alivua viatu, akaviweka mahali pake. Akanawa mikono. Akasogea kweli, lakini hakusema neno. Aliweka kiganja nyuma ya shingo ya mumewe, pale nywele zinapoishia, akakiacha hapo kwa muda, kisha akaenda kubadilisha nguo.

Kwa hiyo Radi akajua. Akajishikilia kwenye ukingo wa meza. Na katika hofu ile akapata wazo, ambalo mtu mwenye akili timamu angelicheka, lakini katika nyumba ile lilikuwa na mashiko: maadamu kitambaa kiko juu ya unga, lile neno halijaingia. Limesimama nje ya mlango, limevua viatu, linangoja kukaribishwa.

Nani alisema lazima likaribishwe leo?

Asubuhi ikaenda zake. Sijui niielezeje siku ile. Jikoni kulikuwa na joto la kulegeza mwili, na jua lililoingia dirishani lilikuta vumbi la unga hewani likakaa nalo, hata ungedhani mwanga wenyewe ndio unaoumuka. Mwalimu alileta mbaazi za kumenya. Walikaa kwenye benchi moja, sinia katikati ya magoti yao, wakamenya bila haraka. Mbaazi zilidondoka kwenye sinia moja moja. Mwalimu akainama kwenye sikio lile zuri.

"Unamkumbuka yule mtoto aliyekuwa akilala darasani?"

"Yupi?"

"Wa mama mpika chai. Leo nimemwona. Anaendesha gari la wagonjwa."

"Halali tena?"

"Mungu apishe mbali," Mwalimu alinong'ona, na wakacheka kwa mabega tu, bila sauti, kama watoto wawili nyuma ya darasa. Radi alisikia raha kuu, kisha ndani ya raha ile akakumbuka, ikamchoma.

Unga ulipanda. Hata ule uliokandwa nusu, kwa joto lile ulipanda, ukakiinua kitambaa mpaka kikawa na kitambi. Radi alinyanyua upindo mmoja, akautia kidole. Shimo lilirudi taratibu, likabaki alama kidogo. Huo ndio wakati wake: unga unataka kukunjwa, kutiwa katika bati, na mkaa uwe umekwisha kushika. Mtu aliyeoka maisha yake yote hahitaji kuambiwa. Radi aliuangalia unga, akaangalia mgongo wa mkewe, akashusha ngumi katikati ya unga, ukatoa pumzi na kushuka. Akaukanda upya. Akaufunika tena.

Mwalimu aliona. Aliyesimamia mitihani miaka yote ile ataachaje kuona mtu anayeiba? Akaenda chumbani, na kupitia mlango ulio wazi Radi alimwona akitoa begi dogo la safari juu ya kabati. Akaweka gauni la kulalia, akaliona lina kifungo kilicholegea, akalitoa, akakishona, akalirudisha. Akaweka kandambili, taulo, mswaki. Alifanya yote hayo polepole, bila mlio, kwa heshima ya unga. Kufungasha begi hakukatazwi na sheria, kwani si maneno. Radi akageuka akafuta meza iliyokuwa safi.

Mchana wakala mbaazi. Wakanywa chai. Mwalimu akajilaza kwenye kitanda cha sebuleni, akamwita kwa kidole, naye akaenda kukaa sakafuni, mgongo kwenye ubavu wa kitanda, kichwa karibu na tumbo la mkewe. Mwalimu akawa anamtoa punje za unga kwenye nywele za kipara chake, chache zilizobaki. Usingizi ukamchukua.

Akaota unga umepanda. Ulikiinua kitambaa, ukatoka kwenye bakuli, ukajaza jikoni kwa upole wote, ukapita mlangoni bila kuugusa. Ukaingia sebuleni, ukapita chini ya kitanda, ukakiinua pamoja na Mwalimu juu yake. Ulikuwa na joto kama mtoto aliyetoka kulala. Paa la bati likajiweka kando lenyewe, msumari baada ya msumari, bila mlio hata mmoja, nao wakatoka nje wakielea juu ya mtaa. Huko juu hapakuwa na kelele. Chini watu wote walikuwa wamenyanyua nyuso na vidole vimewekwa midomoni. Mwalimu alikuwa anamwambia kitu, midomo yake inacheza, lakini kitanda kilikuwa kinaenda mbele naye Radi amebaki nyuma, na sikio lake halikuweza kumfikia. Akamnyooshea mikono. Mikono ilikuwa imezama kwenye unga mpaka viwiko, haitoki.

Alipozinduka, mwanga ulikuwa umehamia ukuta wa pili na kitanda kilikuwa kitupu. Akainuka kwa kishindo, akakumbuka, akatembea kwa ncha za vidole hadi jikoni. Kitambaa kilikuwa kimebonyea katikati. Chini yake unga ulikuwa umechoka. Ulipanda mpaka ukakosa nguvu za kujishikilia, sasa umelala umekunjamana, unanuka uchachu. Radi akaumwaga mezani, akaongeza unga mkavu, akaanza kuukanda mara ya tatu. Ukawa unakatika. Kila akiuvuta unakatika kama kitambaa kikuukuu, na yeye anaukusanya, anaukandamiza, anauomba kimoyomoyo. Akautupia bakulini, akachukua kitambaa.

"Mkaa hujawasha," Mwalimu alimnong'oneza. Alikuwa amesimama nyuma yake, na wala hakujua tangu saa ngapi.

"Nitauwasha."

"Tangu asubuhi hujawasha."

"Unga bado."

Mwalimu akazunguka meza, akaja upande wa sikio la kushoto, akasogea mpaka midomo ikagusa.

"Mzee wangu. Unaufunika unga, au unanifunika mimi?"

Radi alikishikilia kitambaa kwa mikono ile iliyokunja mabati ya dunia nzima. Machozi yakamdondoka ndani ya bakuli.

"Unautia chumvi mara mbili," Mwalimu alinong'ona. "Sikiliza. Tangu nimerudi nina neno hapa kooni. Nazunguka nalo nyumba nzima kama mtoto anayetaka kwenda chooni na mwalimu hamwoni akinyoosha mkono. Nimechoka kulibeba peke yangu."

Hilo la kubeba peke yake ndilo lililompata. Siku nzima alidhani ameliacha neno nje ya mlango. Halikuwa nje. Lilikuwa humu humu ndani, kooni mwa mkewe, akila nalo, akimenya nalo mbaazi, akishona nalo vifungo, na yeye ndiye aliyemfungia nalo. Aliona aibu ambayo hajawahi kuiona tangu kuzaliwa. Akakikunja kitambaa, akakiweka mbali, kwenye kiti.

"Sema," akasema kwa sauti yake ile ile ya radi, hata sufuria zikaitikia. "Sema, Mwalimu wangu, nakusikia."

"Ni ugonjwa wenyewe," Mwalimu akasema, naye hakunong'ona. "Ule tuliouogopa. Wanasema wameukuta mapema. Kitanda kimepatikana, wanataka kunipasua kesho asubuhi. Nimekubali."

"Hukuniuliza?"

"Nilitaka nikuulize. Nikasema huyu nikimuuliza atadondoka, nani atanisaidia kumwinua?"

Wakacheka, safari hii kwa sauti, kicheko kilichoishia vibaya. Radi akamshika mabega, akamwachia alama za unga kwenye gauni.

"Basi limeingia," akasema. "Neno zito limeingia, na tumesimama."

Mwalimu akatikisa kichwa. "Silo hilo," akasema. Akatazama mikono yake. "Nesi alikuwa anajaza habari zangu. Akauliza, kesho utakuja na nani? Nani atakaa kwenye benchi mpaka utoke? Nikamwambia sina mtu."

Radi akadhani sikio limemdanganya. Mwalimu akarudia, polepole, kama anayesomesha.

"Nilimwambia sina mtu. Nina mume nyumbani, mzima wa afya, na mdomo wangu ukasema sina mtu, na wala sikuupinga. Njia nzima nimekuja nikiona haya. Niliogopa kukwambia hilo kuliko jina la ugonjwa."

Radi hakupiga kelele. Hakujitetea. Akauchukua ule unga uliochoka, akaukunja alivyoweza, akautia kwenye bati. Akatoka uani, akawasha mkaa, akaupepea mpaka ukawa mwekundu wote. Mkate ukaingia jokoni bila kufunikwa na kitu, huku mlango wa jikoni ukijibamiza kwa upepo, jirani akimkaripia mbuzi wake, na Mwalimu akiongea muda wote, akimweleza aliyoyasema daktari, moja baada ya jingine, mabaya na mazuri, wala hakuna aliyemnyamazisha.

Mkate ulitoka mfupi, mzito kama tofali, na ufa katikati. Waliukata kwa shida. Waliupaka asali nyingi kuficha uchachu wakala wamesimama, huku jua linazama na jikoni kuna harufu ya ngano na mkaa.

"Huu mtu akirushiwa anazimia," Mwalimu akasema akitafuna kwa bidii. "Kesho kanda mwingine, taratibu. Nitakaporuhusiwa kula, uniletee."

"Kesho sikandi," akasema Radi.

"Utashindaje siku nzima, wewe, bila kazi ya mikono?"

"Sikandi. Ukifika mwambie yule nesi mtu wako yupo, yuko kwenye benchi."

Mwalimu akaacha kutafuna. Siku nzima hakuwa amelia, wala kwa daktari, wala njiani, wala alipokuwa akifungasha begi. Sasa akalia, mkate ungali mdomoni na asali kwenye kidevu, na Radi akasogea upande wake, sikio la kushoto mbele, asije akakosa kusikia chochote atakachosema.